Machozi ya Daktari: Ncuti Gatwa katika tamthilia za ajabu

Tuanze na jina, kwa sababu ndilo lililotupotezea muda mwingi darasani. Mwanafunzi mmoja wa mwaka wa pili aliandika ubaoni "Shuti Gatwa", na nusu ya darasa ikaangua kicheko, maana shuti katika Kiswahili cha viwanjani ni mpira uliopigwa kwa nguvu kuelekea golini. Mwenzake akapendekeza "Nchuti", akitoa hoja kwamba Kiswahili hakiiogopi n inapotangulia ch: tunayo nchi, tunayo ncha. Hoja nzuri, lakini jina la mtu si neno la kusanifishwa na kamati. Hili ni la Kinyarwanda, incuti, yaani rafiki, neno ambalo siku hizi huandikwa inshuti. Kama yalivyo majina mengi ya watu hapa kwetu, limeacha irabu yake ya mwanzo, na ndivyo lilivyofanya pia jina lake jingine, Mizero, linalotokana na amizero, matumaini. Wanaojifunza Kiswahili wakitokea Kinyarwanda wamezoea kuangusha irabu hiyo kila siku: imbwa kwetu, mbwa kwao, inyama, nyama, inzara, njaa. Tumekubaliana kuliacha jina kama mwenyewe anavyoliandika, Ncuti, na kulitamka kama mama yeyote wa Nyamirambo angelitamka.

Huenda msomaji akauliza kwa nini jarida la idara ya Kiswahili lijishughulishe na mwigizaji wa televisheni ya Uingereza. Jibu la kwanza ni rahisi: Mizero Ncuti Gatwa alizaliwa hapa Kigali, Nyarugenge, tarehe 15 Oktoba 1992, na wanafunzi wetu wanamjua kuliko wanavyowajua baadhi ya waandishi wa vitabu vya kiada. Jibu la pili linatuhusu zaidi. Tunawafundisha wanafunzi istilahi za uhakiki, fani na maudhui, usawiri wa wahusika, dhamira, mtazamo, halafu tunazifungia istilahi hizo ndani ya riwaya tano au sita za mtihani. Mwanafunzi akitoka nje ya darasa na kutazama tamthilia kwenye simu yake, anaziacha mlangoni. Tungependa kuona zikifanya kazi huko nje pia.

Yapo na ya tatu. Aina hii ya tamthilia, yenye safari za nyota, mashine za kuvuka wakati, mazimwi na sayari zisizo na majina ya kawaida, walimu wengi wa Kiswahili huidharau. Huiita michezo ya watoto. Tunawakumbusha wenzetu kwamba Katama Mkangi, katika Walenisi (1995), alimpakia Dzombo, mtu aliyehukumiwa kifo, ndani ya chombo cha angani na kumrusha hadi sayari nyingine, na kwamba jina la sayari hiyo likikatwa vizuri linasomeka "wale ni sisi". Kyallo Wadi Wamitila alimzungusha mhusika wake duniani kwa njia zisizo za kawaida katika Bina-Adamu! (2002). Euphrase Kezilahabi, katika Nagona (1990) na Mzingile (1991), aliacha kabisa kutuambia tupo wapi na ni lini. Hakuna anayeviita vitabu hivyo vya watoto. Ajabu ni njia ya kusema jambo ambalo uhalisia unalisema kwa shida, na swali la kumuuliza mwandishi ni kama jambo lenyewe amelisema.

Kuhusu maisha ya Gatwa tutasema machache, kwa kuwa yameandikwa sana na si yote yanayotusaidia kuhakiki. Familia yake iliondoka Rwanda wakati wa Mauaji ya Kimbari dhidi ya Watutsi ya mwaka 1994, yeye akiwa hajatimiza miaka miwili, ikafanya makazi Scotland. Alikulia Edinburgh na Dunfermline, akasomea uigizaji katika chuo cha taifa cha sanaa za maonyesho kilichopo Glasgow na kuhitimu mwaka 2013, kisha akaanza kazi jukwaani kwenye ukumbi wa Dundee. Mwaka 2016 aliigiza kama Demetrius katika ukumbi wa Globe, London, katika tamthilia ya Shakespeare ya ndoto ya usiku wa kiangazi. Baadaye alisimulia mwenyewe kwamba kabla ya kupata kazi yake kubwa ya kwanza ya televisheni aliishi miezi kadhaa bila nyumba, akilala kwa marafiki. Kazi hiyo ilikuwa Sex Education (2019 hadi 2023), ambamo alikuwa Eric Effiong, kijana shoga wa familia ya Kiafrika inayosali sana.

Tamthilia hiyo si ya ajabu kwa maana tuliyoitaja, lakini ndani yake tayari kulikuwa na chombo ambacho baadaye angekitumia. Katika msimu wa kwanza Eric anashambuliwa njiani kwa sababu ya mavazi yake. Baada ya hapo Gatwa haongezi maneno, anapunguza mwili. Mabega yanashuka, nguo zinakuwa za rangi ya vumbi, hatua zinakuwa fupi. Vipindi viwili mbele anapoingia kanisani, na baadaye kwenye dansi ya shule akiwa amevaa rangi zote alizokuwa amezificha, tunaelewa kwamba mtu amerudi ndani ya ngozi yake. Wanafunzi wanaoandika kila mara kwamba "mwandishi amemsawiri mhusika kwa kutumia maelezo na mazungumzo" wangefaa kukitazama kipande hiki bila sauti.

Kisha, Mei 2022, ikatangazwa kwamba angekuwa Daktari.

Kwa wasioifahamu: Doctor Who ilianza kuonyeshwa na BBC tarehe 23 Novemba 1963. Mmoja wa waanzilishi wake wakuu alikuwa Mkanada, Sydney Newman, mzaliwa wa Toronto, aliyekuwa mkuu wa tamthilia katika shirika hilo. Daktari ni msafiri wa wakati anayetembea ndani ya kibanda cha polisi cha rangi ya buluu ambacho ndani ni kikubwa kuliko nje. Anapokaribia kufa hubadilika sura na tabia, na mwigizaji mwingine huchukua nafasi. Kwa hila hiyo moja tamthilia imevuka miaka sitini. Iliposimama mwaka 1989 ilijaribiwa tena kwa filamu moja mwaka 1996, nayo ikapigwa picha Vancouver, jiji ambalo tamthilia nyingi za aina hii hutengenezwa na ambako waigizaji wa Kanada hulipia kodi ya nyumba kwa kuvaa sura za mpira na kuzungumza na zimwi litakalochorwa baadaye kwa kompyuta. Tangu Mkanada mwenzao William Shatner alipokaa kwenye kiti cha nahodha wa Star Trek mwaka 1966, kazi ya namna hiyo imekuwa na sifa ya mtego: inakupa jina, halafu haikuruhusu kuwa mtu mwingine. Tamthilia ya Daktari ilirudi rasmi mwaka 2005, ikiandikwa na Russell T Davies, na tangu hapo Daktari amekuwa mtu ambaye kwao kuliangamizwa. Sayari yake imeteketea vitani, watu wake wamekwisha. Jambo hilo tunaliwekea mkazo, kwa sababu ndilo kiini cha makala haya.

Hapa tafsiri kidogo. Darasa lilipewa kazi ya kutafsiri jina la tamthilia, na wengi wakaandika "Daktari Nani". Hatuna ugomvi nalo. Lakini mwanafunzi mmoja aliuliza kwa nini tusiseme Mganga, kwa kuwa mtu huyu hana sindano wala cheti, anaponya kwa maneno na kifaa kidogo cha ajabu mkononi, na watu humwamini kabla hawajamwelewa. Alikuwa karibu sana na ukweli. Tatizo ni kwamba kwa Mnyarwanda muganga ni yule wa hospitali, mwenye koti jeupe, ilhali Mswahili wa pwani akisikia mganga anaweza kufikiria makombe na hirizi. Maneno ndugu yanapotengana maana namna hii humtega mtafsiri kuliko maneno ya kigeni kabisa. Tukabaki na Daktari.

Gatwa alionekana kwa mara ya kwanza katika nafasi hiyo tarehe 9 Desemba 2023, akaongoza kipindi chake cha kwanza siku ya Krismasi mwaka huohuo, na akaondoka tarehe 31 Mei 2025 baada ya misimu miwili ya vipindi vinane vinane na viwili vya Krismasi. Alikuwa mwigizaji mweusi wa kwanza kuiongoza tamthilia hiyo, ingawa Jo Martin alikuwa amekwisha kuonekana kama Daktari mwingine mwaka 2020. Magazeti ya huko yalilijadili sana jambo hilo. Jingine lililojadiliwa, na ndilo lililotufanya tuandike, ni kwamba Daktari huyu analia. Analia mara kwa mara, waziwazi, machozi yakishuka hadi kidevuni. Baadhi ya wahakiki wa Uingereza waliona ni mno. Walihesabu vipindi alivyolia kama refa anayehesabu kadi.

Sisi tumelelewa na methali nyingine. Amarira y'umugabo atemba ajya mu nda: machozi ya mwanamume hutiririka kuelekea tumboni. Kila Mnyarwanda anaijua, na wengi tumeiishi. Tumewaona baba na wajomba waliokaa kimya kila Aprili mwaka baada ya mwaka, uso mkavu, chai ikipoa mbele yao. Kwa hiyo tulipomwona mtoto wa Nyarugenge akicheza mtu wa mwisho wa ukoo uliouawa, na akilia bila kuona haya, hatukuona kosa la kiufundi. Tuliona mtu anayefanya kwa niaba ya kundi zima jambo ambalo kundi limekatazwa na malezi yake. Hatusemi kwamba Gatwa anaigiza maisha yake. Hilo hatulijui, na si haki kumvisha mwigizaji kumbukumbu za mtoto mchanga. Tunasema kuhusu kinachoonekana kwenye kioo kikitazamwa kutoka mji huu.

Lakini kusema kwamba machozi yana maana si kusema kwamba kila yalipomwagika yalistahili. Hapa tunatofautiana na mashabiki, wakiwamo wa darasani kwetu.

Chukua kipindi cha Boom cha tarehe 18 Mei 2024, kilichoandikwa na Steven Moffat. Daktari anasikia mtu akipiga yowe, anakimbia kwenda kusaidia, na anakanyaga bomu la ardhini. Karibu kipindi kizima kinachobaki amesimama hapohapo. Bomu linasikiliza mwili wake: akipandwa na hasira, akiogopa kupita kiasi, litalipuka. Mbele yake yupo mtoto ambaye baba yake ameuawa, na mabaki ya baba huyo yamekandamizwa yakawa kopo ambalo Daktari amelazimika kulishika mkononi. Mwandishi amemchukua mwigizaji anayejulikana kwa kulia, akamwambia: ukilia, tunakufa wote. Tunawaomba wasomaji wamtazame Gatwa shingoni na kwenye taya. Sauti ni ya upole, karibu ya mzaha, na kila kitu kingine kinateremka ndani. Ni methali yetu imeigizwa kwa dakika arobaini na mtu ambaye kwa kawaida huivunja. Kwa maoni yetu hakuna kazi bora zaidi aliyoifanya katika tamthilia hiyo, na inatoka kwenye sharti la kipuuzi kabisa la hadithi ya ajabu. Tamthilia ya kihalisia isingeweza kumweka mtu katika hali hiyo bila kuonekana imelazimisha.

Cha pili ni Dot and Bubble cha tarehe 1 Juni 2024, cha Davies mwenyewe. Vijana wa matajiri wanaishi katika mji wao maalumu, kila mmoja amezungukwa kichwani na duara la skrini, na wadudu wakubwa wanawala mmoja baada ya mwingine kwa kufuata alfabeti ya majina yao. Daktari anajitahidi kuwaokoa. Mwishoni anawafungulia mlango wa chombo chake, nao wanakataa kuingia, kwa sababu yeye ni mweusi. Wanapendelea kwenda porini kufa. Ndipo mtazamaji anapogundua kwamba katika mji ule wote hakukuwa na sura isiyo nyeupe. Tulikionyesha darasani bila kueleza kitu, na hakuna aliyeligundua hilo mapema. Tulipouliza kwa nini, msichana mmoja akajibu kwamba televisheni za ng'ambo huwa hivyo, kwa nini angeshtuka. Jibu hilo lilitufunga mdomo. Mtego uliotegwa kwa mtazamaji wa London haukumnasa wa Kigali mahali palepale. Ulimnasa kwa sababu nyingine, kwamba sisi tumezoea kutokuwepo.

Namna Gatwa anavyocheza sekunde zile za mwisho inafaa kuelezwa. Kwanza anasihi. Anawaambia wamfikirie watakavyo, mradi waingie. Kisha anacheka, kicheko kisicho na furaha, na kicheko kinageuka ukelele. Machozi yapo, lakini yamechelewa, yamekuja baada ya mambo mengine matatu. Darasa liligawanyika: wengine waliona ni unyonge kuwabembeleza wanaokudharau, wengine wakasema kwamba mtu aliyewahi kuona watu wake wakimalizwa hawezi kuacha wengine wafe, hata kama ni waovu. Mjadala ulipita kengele. Walimu watuelewe: mara ya mwisho mjadala wa dhamira kupita kengele hatuikumbuki.

Sasa upande mwingine. Katika The Devil's Chord, cha tarehe 11 Mei 2024, Daktari na mwenzake Ruby Sunday wako juu ya paa mjini London mwaka 1963. Anazungumza habari za mjukuu wake Susan, na anasema kwamba watu wake waliuawa, na kwa Kiingereza analitumia neno lenyewe, lile ambalo sisi huliita jenoside kwa Kinyarwanda. Mtafsiri wa Kiswahili angekuwa na kazi hapa. Wanafunzi wetu, hata wa mwaka wa tatu, huandika "mauaji ya halaiki" wakidhani ni kisawe. Halaiki ni umati. Bomu sokoni linaweza kuua halaiki. Kimbari limejengwa juu ya mbari, ukoo, na linasema kwamba watu waliuawa kwa sababu ya walivyozaliwa. Katika mji huu tofauti hiyo si ya kisarufi tu. Anayemtafsiria Daktari "halaiki" amemfuta Daktari.

Neno hilo likishasemwa, kipindi kinafanya nini nalo? Hakifanyi kitu. Baada ya sentensi chache tumerudi kwa adui wa siku hiyo, anayemeza muziki, na kuna wimbo na dansi kabla ya mwisho. Gatwa anajitahidi: analitamka kama mtu aliyelibeba muda mrefu na hajui aliweke wapi. Lakini andiko halimpi pa kuliweka. Tunaamini hapo ndipo shutuma ya machozi mengi ilipozaliwa. Mwigizaji alipewa huzuni kubwa kwa vijiko vidogo, kila wiki kijiko, na kila kijiko kilitakiwa kionekane. Hata mwisho wa msimu huo, Ruby anapompata mama yake mzazi, analia Ruby, analia Daktari, na mtazamaji aliyechoka anaanza kuangalia saa.

Hali ilikuwa mbaya zaidi mwaka 2025, tarehe 17 Mei, katika The Interstellar Song Contest, kilichoandikwa na Juno Dawson. Kuna mashindano ya nyimbo ya sayari zote. Kijana mmoja anayeitwa Kid anayavamia. Sayari yake, Hellia, ilichomwa na kampuni iliyotaka asali yake, na kwanza ikaenezwa sifa kwamba watu wa kwao ni wachawi na wala watu. Wasomaji wetu hawahitaji kuelezwa jinsi sifa za namna hiyo zinavyotangulia moto. Kid anataka kuwaua watazamaji matrilioni kwa kisasi. Daktari, akiamini kwamba mwenzake Belinda amekufa, anamkamata na kumtesa, anampiga kwa umeme tena na tena, uso ukiwa mkavu kabisa. Kwa mara ya kwanza hakuna chozi. Gatwa anatisha. Mnusurika anamtesa mnusurika.

Tulidhani tamthilia imefika ilipokuwa inaelekea tangu 2005. Badala yake Belinda anajitokeza akiwa mzima, Daktari anaacha, anakiri kwa maneno machache kwamba moyo ulimpanda, na Kid anapelekwa kizuizini. Kisha mwimbaji mmoja, Cora, anayeficha kwamba naye ni wa Hellia, anapanda jukwaani, anaimba kwa lugha ya kwao, na ukumbi unapiga makofi. Kampuni iliyochoma sayari, ambayo ndiyo inayodhamini mashindano, haiulizwi swali hata moja.

Tunasema bila kuzunguka: hili ni kosa, na ni kosa ambalo mji huu una haki ya kulionyesha. Mahakama za gacaca zilianza kwa majaribio mwaka 2002, zikafungwa Juni 2012, na zilisikiliza kesi zipatazo milioni 1.9. Zilikuwa na mapungufu yake, na vitabu vimeandikwa juu ya mapungufu hayo. Lakini kilichokuwa pale kwenye nyasi ni watu waliokaa kwenye jua wakisikiliza jina la aliyefanya likitajwa, na mahali, na siku. Wimbo ulikuwepo pia, katika kumbukumbu za Aprili, lakini hakuna aliyedhani wimbo ni hukumu. Andiko la kipindi hiki lilimleta mwigizaji hadi mlangoni pa swali zito kuliko yote, mnusurika afanye nini na hasira yake, kisha likawasha taa za jukwaa ili tusione kwamba halina jibu. Lingeweza hata kukiri kwamba halina. Tungeridhika.

Tumesikia utetezi kwamba hii ni burudani ya familia, inayoonyeshwa jioni, na haiwezi kubeba mzigo huo. Aliyechagua mzigo si sisi.

Na kwamba inaweza kubebwa, wiki moja tu kabla yake walikuwa wameshaonyesha. The Story & the Engine, cha tarehe 10 Mei 2025, kiliandikwa na Inua Ellams, mshairi mzaliwa wa Jos, Nigeria, ambaye tamthilia yake ya jukwaani kuhusu vinyozi, ya mwaka 2017, inapita katika miji kadhaa ukiwamo Kampala. Daktari anakwenda Lagos kwa kinyozi rafiki yake. Anamweleza Belinda kwamba katika mwili huu mweusi si kila mahali anapokaribishwa, ila kwenye kiti kile anapokelewa kama mwana wa nyumba. Lakini saluni imetekwa na kinyozi mwingine, milango haifunguki, kila mteja anayekaa kitini lazima asimulie hadithi, na hadithi hizo ndizo mafuta ya chombo kinachotembea mgongoni mwa buibui mkubwa. Nywele zikikatwa, zinaota tena, na msimulizi anaitwa upya. Njia ya kutokea inapatikana katika misuko: Abena, binti wa Anansi, amemsuka Daktari ramani kichwani, kama inavyosimuliwa kwamba watumwa waliotoroka walivyosuka njia zao.

Mwanafunzi wa fasihi simulizi hana haja ya kuambiwa kitu hapa. Yupo fanani, ipo hadhira iliyofungiwa, upo utendaji, na lipo swali la nani anamiliki hadithi baada ya kusimuliwa. Gatwa katika saluni ile anazungumza kwa kasi nyingine. Anakaa vibaya kitini, anacheka na wazee, anakasirika kama ndugu aliyesalitiwa na si kama nabii. Anapogundua kwamba rafiki yake ndiye aliyemwita kwenye mtego, uso unavunjika kidogo tu, na tunaelewa. Lafudhi yake ya Scotland ipo palepale, haijaribu kuwa ya Lagos. Tulilipenda hilo: mtu anaweza kuwa wa nyumbani bila kubadilisha ulimi wake. Wanafunzi wetu wanaoonewa haya kwa Kiswahili chao chenye mdundo wa Kinyarwanda wapate nafuu kidogo.

Baadhi yao walikitazama kipindi hichohicho kwa mtindo wa agasobanuye, kijana mmoja wa bwenini akisimulia juu ya sauti, kwa Kinyarwanda na kwa Kiswahili kidogo, kama DJ Afro anavyofanya Kenya na kama Lufufu alivyovuma Tanzania. Kwenye saluni msimulizi alikuwa nyumbani kabisa, akawapa vinyozi majina ya mtaani. Kwenye mateso ya Kid, tunaambiwa, alinyamaza. Akaacha picha iende yenyewe. Tungetoa alama kwa unyamavu huo.

Kuhusu kuondoka kwake tutapita haraka, kwa sababu kipindi chenyewe, The Reality War, kimepita haraka mno. Mengi yanarundikwa, Belinda anageuzwa mama wa mtoto bila kuulizwa vizuri, na Daktari anatoa uhai wake wa sasa ili mtoto mmoja mdogo, Poppy, aliyefutwa kwenye uhalisia, arudi kuwepo. Vipindi 18 kwa kiongozi ni vichache. Mabadiliko aliyoyaanza hayakupata nafasi ya kukomaa, na hatuwezi kumlaumu kwa jengo lililoezuliwa paa wakati kuta bado zinapanda.

Mtego tulioutaja, ule wa waigizaji wa Vancouver, haujamnasa. Tangu mwishoni mwa 2024 alikuwa kwenye ukumbi wa taifa jijini London akicheza Algernon katika tamthilia ya Oscar Wilde, mtu ambaye hajawahi kulia kwa ajili ya jambo lolote isipokuwa chakula. Mwaka 2025 akawa mshairi Christopher Marlowe, mbele ya Shakespeare, katika Born with Teeth. Wanaotaka kuandika tasnifu fupi kuhusu usawiri wa mnusurika katika tamthilia za ajabu, wakilinganisha Dzombo wa Mkangi na Daktari wa Gatwa, wafike ofisini kabla ya mwisho wa muhula. Tuna nakala moja tu ya Walenisi, na kurasa zake za mwisho zimeanza kuachana na gundi.